Mwongozo unaokunyima majibu

Nilipokuwa sekondari, mwongozo wa riwaya ulikuwa na thamani kuliko riwaya yenyewe. Dhamira, wahusika, tamathali za semi, vyote vimeshatafunwa. Kazi yako kumeza. Kuna kitabu nilikipatia alama nzuri na mpaka leo sijafika ukurasa wake wa mwisho.

Labda ndiyo maana Nehama Leibowitz amenishika hivi. Mama huyu, mwalimu wa Biblia wa Kiyahudi, mzaliwa wa Riga, Latvia, mwaka 1905, alihamia Palestina mwaka 1930. Kuanzia 1942 hadi 1971 alitoa karatasi za maswali juu ya sehemu ya Taurati inayosomwa kila juma katika sinagogi. Zilikwenda kwa posta. Watu waliandika majibu, wakamrudishia, naye akayasahihisha kwa kalamu nyekundu. Swali gumu alilitia alama ya x; gumu zaidi, xx. Vitabu vyake vilivyofuata vilizaliwa humo.

Swali alilopenda mno: ni nini kilichomsumbua Rashi? Rashi ni yule mfafanuzi wa Taurati wa karne ya 11, wa Troyes, Ufaransa. Kwa Nehama, Rashi hafungui mdomo bure. Akisema neno, ujue kuna kitu kimemkwaza kwenye aya, nawe kitafute.

Sisemi karatasi hizo zinamfaa kila mtu. Mimi nazisoma kwa tafsiri, na maswali mengine yanasimama juu ya herufi moja ya Kiebrania. Hapo naachwa mlangoni.

Ila chukua Mwanzo 22. Ibrahimu anaambiwa amchukue mwanawe, wa pekee, ampendaye, Isaka. Rashi anasikia humo Mungu na Ibrahimu wakijibizana. Mwanao. Ninao wawili. Wa pekee. Kila mmoja ni wa pekee kwa mama yake. Umpendaye. Nawapenda wote. Isaka.

Sasa jiulize kwa mtindo wa Nehama: kwani jina peke yake lisingetosha?

Nilikaa na swali hilo siku nzima, mpaka jikoni. Nikakumbuka jinsi mtu anavyoleta habari ya msiba kwetu. Hasemi mlangoni. Anapiga hodi, anauliza hali, anaulizia watoto, anaomba maji ya kunywa, na wewe moyo umeshaanza kwenda mbio. Jioni nikamfungua Rashi mstari uliofuata. Kumbe naye ameliuliza, na amejibu: ili asimshtue kwa ghafla.