Kabla Useme Jeshi Ipige Tu, Kumbuka Mlima Elgon

Jumamosi iliyopita tulikuwa matanga upande wa Chwele, Bungoma, na mnajua matanga za huku kwetu, watu wakishakula wanavuta viti chini ya mti na mjadala unaanza. Safari hii haikuwa siasa ya vyama. Afande mmoja mstaafu, ni binamu ya mama yangu na alikuwa Somalia na KDF, jeshi letu la Kenya, alisema hawa magaidi wa Al-Shabaab dawa yao ni moja, jeshi ipewe kazi, mahakama na watu wa haki za binadamu wakae kando miezi sita, halafu muone kama Kenya haitatulia. Karibu wote wakaitikia. Kisha mama mmoja mwenye huuza vitunguu hapo soko ya Chwele, alikuwa kwa mkeka na wenzake, akasema bila kupandisha sauti, "Afande, bwanangu walimtoa kwa nyumba asubuhi akiwa na slipa, wakampandisha lori ya jeshi, na hakuwa na bunduki. Mpaka leo."

Nimekaa na hayo maneno wiki nzima, na nataka tuyapime vizuri, juu afande si mtu mbaya na hoja yake si ya bure.

Kwa wenye mlikuwa wadogo ama mlikuwa mbali, 2006 kundi lenye silaha la SLDF lilitokea Mlima Elgon juu ya mashamba ya Chebyuk, shamba zenye serikali iligawa na kugawa tena mpaka kila mtu akawa na sababu ya kumwangalia jirani vibaya. Walikata watu masikio, walitoza kodi yao, walichoma manyumba, na waliouawa ni zaidi ya 600 kwa hesabu ya mashirika ya haki za binadamu, wenye walihama wakapita 66,000. Mimi nilikuwa darasa la sita, dawati letu lilikuwa la watu watatu tukawa watano, watoto wa kutoka Kopsiro na Cheptais, na mmoja wao mlango ukigongwa tu alikuwa anaingia chini ya dawati na mwalimu anaendelea kufunza, anamwacha hapo chini mpaka atoke mwenyewe. Polisi walijaribu wakashindwa. Machi 2008 ikaja Operesheni Okoa Maisha, jeshi ikapanda mlima, Mei kiongozi wao Wycliffe Matakwei akauawa, na watu wakaanza kurudi mashambani. Hiyo ni kweli na mtu akija hapa kutuambia nguvu haisaidii kitu, hakuna mtu wa Chwele atamskiza.

Na afande angeweza kuongeza Dusit, ile hoteli ya Nairobi yenye ilivamiwa na Al-Shabaab. Kabla yake ni Westgate, ile mall ya Nairobi, Septemba 2013, watu 67 walikufa, ikachukua siku nne kumaliza washambuliaji wanne, polisi na wanajeshi wakapigana risasi wenyewe kwa wenyewe na maduka yakaibiwa huku nchi inatazama. Dusit, Januari 2019, walikufa 21, lakini vikosi vilifika haraka, vikafanya kazi kwa mpango, na zaidi ya watu 700 wakatolewa wakiwa hai. Katikati hapo kuna Garissa, Aprili 2015, washambuliaji waliingia chuo alfajiri na Recce, kikosi maalum cha polisi, wakafika mchana, watu 148 wakafa wengi wao wanafunzi. Wale waliopona waliletwa kumalizia masomo Chuo Kikuu cha Moi huko Kesses, kwa hivyo hii si hadithi ya mbali na sisi. Ukipanga hizo tatu unaona askari mwenye amefunzwa na anafika mapema anaokoa maisha ya watu, na hapo nakubaliana na afande mia kwa mia.

Sasa tuje kwa lori.

Venye ilifanyika 2008, wanaume walikusanywa kijiji kwa kijiji wakapelekwa kambi ya Kapkota kwa skrining. Unapitishwa mbele ya gari, ndani kuna mtu wa kutambua watu, akikuonyesha basi wewe umeisha, na huyo mtu anaweza kuwa ni jirani mwenye mnagombania mpaka wa shamba. Wengi walirudi na vidonda, wengine hawakurudi. Jeshi ilikana mateso, lakini mashirika yaliyozunguka yakiandika majina yalihesabu zaidi ya watu 300 waliopotezwa, wengine na SLDF na wengine na wanajeshi, na kwa mwanamke mwenye amebaki na watoto tofauti ya nani alimchukua ni ndogo sana.

Hiyo skrining ina historia. Mkoloni aliifanya Mkoa wa Kati wakati wa Mau Mau, mtu amefunikwa gunia kichwani na matundu ya macho anatikisa kichwa, na hao Mau Mau wenyewe waliitwa magaidi, marufuku yao ikaondolewa 2003 tu, na 2013 Uingereza ikakubali kulipa wazee 5,228 kwa mateso yao. (Hili neno ugaidi lenyewe limesumbua wasomi. Mwaka 1988 Schmid na Jongman walikusanya maana zake wakafika 109. Na SLDF pamoja na yote waliyofanya waliitwa tu wanamgambo, sijui ni juu waliua watu wa mlimani peke yao.) Kisha Aprili 2014 ikarudi tena kama Usalama Watch, msako wa polisi, maelfu ya watu wakatolewa Eastleigh, mtaa wa Nairobi wenye Wasomali wengi, wengi wakafungiwa uwanja wa Kasarani, Wasomali wenye vitambulisho vya Kenya nao ndani. Baada ya hapo nini? Juni Mpeketoni ikavamiwa, Novemba basi ya Mandera, Aprili Garissa. Sisemi Kasarani ndio ilileta hayo, nasema haikuzuia hata moja, na bado iliacha mtaa mzima unaona polisi kama watu wa kukimbia.

Na hapa ndipo mimi naachana na afande kabisa. Ugaidi ni kazi ya siri, na mtu wa kwanza kuona siri ikianza si NIS, majasusi wa serikali. Ni mama mwenye anaona kijana ameacha kula na wengine, ni landlodi, ni mwalimu, ni imamu, ni jamaa wa M-Pesa. Huyo mtu akijua akiongea kijana atapelekwa kortini, ataongea hata kama anatetemeka. Akijua kijana atapotea, atanyamaza, na sisi sote tungenyamaza. Mmoja wa wale waliovamia Garissa alikuwa mtoto wa chifu wa Mandera, amesoma sheria Chuo Kikuu cha Nairobi, na baba yake alikuwa amesharipoti kwamba kijana amepotea. Hebu fikiria uzito wa hiyo safari ya yule mzee kwenda kuripoti mtoto wake. Watu kama huyo baba ndio nchi inahitaji wengi, na kila lori yenye inaondoka na mtu bila kurudi inawapunguza.

Kuna wenye watasema mambo hayo ni ya kaskazini na pwani, ya Wasomali. Hapana. Oktoba 2011 wakati grinedi zilirushwa Nairobi mwenye alishikwa na kukiri ni Elgiva Bwire, na mtu yeyote wa Busia anajua hilo jina ni la wapi. Wafungwa watatu wa kesi za ugaidi waliotoroka jela ya Kamiti Novemba 2021, mmoja alikuwa Shikanda na mwingine Odhiambo. Ni majina ya nyumbani hayo, ungewapanga kwa skrining ya Eastleigh kwa sura na lugha wangepita wakicheka. Na huyo Bwire alipomaliza kifungo 2021, alichukuliwa siku ile ile ametoka Kamiti, yeye na wakili wake, wakili akapatikana baadaye. Najua wengi walisema heri. Lakini alikuwa amehukumiwa, amefungwa, ametumikia, sheria imemaliza kazi yake, na kama kuna mama wa Funyula ama Ugenya leo ana wasiwasi na kijana wake, hiyo ndiyo habari yenye anaijua.

Tena kulinganisha Elgon na Al-Shabaab kuna mahali kunakatika, na haki nikubali. SLDF walikuwa mlima mmoja na kiongozi mmoja, ukimtoa Matakwei kundi linaanguka. Al-Shabaab wako na nchi nzima ya kukimbilia na mtandao unavuka mipaka, Kampala walilipua watu zaidi ya 70 Julai 2010 wakitazama fainali ya Kombe la Dunia. Marekani ilimuua mkubwa wao Godane Septemba 2014. Miezi saba baadaye tukazika watoto wa Garissa. Kwa hivyo hata ile sehemu ya Elgon iliyofaulu, ya kukata kichwa nyoka afe, kwa hawa haishiki vile afande anadhani.

Lakini wenzangu wa upande wa maridhiano pia niwaambie ukweli. Tangu mkakati wa taifa wa kuzuia misimamo mikali utoke 2016 kumekuwa na semina nyingi sana za hayo mambo, nimekaa kwa moja hapo Kisumu, hoteli nzuri, nauli inarudishwa, na vijana waliokuwa ndani ni wale wale wa kila semina, hakuna hata mmoja mwenye angewahi kufikiria kuvuka mpaka. Yule mwenye ameacha shule, ameanza dini mpya kwa simu peke yake usiku, hakualikwa na hakuna mtu alijua jina lake. Kama hii ndiyo njia laini basi afande ana haki ya kuidharau.

Kile chenye kimewahi kufanya kazi mbele ya macho yetu hakikutoka semina. Novemba 2014 basi ilisimamishwa Mandera, wasio Waislamu wakatengwa, 28 wakauawa, wengi walimu wanaenda nyumbani likizo ya Desemba. Mwalimu mmoja wa lokesheni yetu alikuwa amesafiri siku mbili mbele yao, Januari alikataa kurudi, hadi leo akisikia breki ya basi usiku anaamka. Desemba 2015 basi nyingine ikasimamishwa huko huko, na abiria Waislamu wakakataa kutenganishwa, wakina mama wakawapa Wakristo hijabu zao wajifunike. Mwalimu Salah Farah alipigwa risasi kwa kukataa, akafa Januari. Hakuna askari alikuwa ndani ya hiyo basi. Kulikuwa na watu wanaaminiana, na uaminifu wa namna hiyo ukiuvunja kwa lori moja hujui utaurudisha na nini.

Yule mama wa vitunguu nilimfuata baada ya watu kutawanyika. Shida yake sasa ni shamba, liko kwa jina la bwana, na bila cheti cha kifo hawezi kuligusa. Sheria inasema mtu asiposikika miaka saba korti inaweza kumhesabu amekufa, na miaka saba ilipita kitambo, lakini korti itamuuliza alimtafuta wapi na aliripoti lini. Ana picha ya pasipoti ndani ya nailoni na barua ya chifu imekunjwa mpaka maandishi yamefutika kwa mikunjo. Namba ya OB, ile ya kitabu cha ripoti cha polisi, hana. Mwaka 2008 hakuenda stesheni, aliogopa wataanza kumuuliza vijana wake wako wapi.

Jumanne tunaenda huko stesheni, mimi na yeye na afande, juu afande mwenyewe amesema ataingia naye ndani.