Ukiambiwa DLL Haipo, Usiende Kuitafuta

Mtumiaji wa Windows, awe mgeni au mkongwe, hakosi kukutana na ujumbe huu: programu haiwezi kuendelea kwa sababu MSVCP140.dll haikupatikana. Siku nyingine jina ni VCRUNTIME140.dll, siku nyingine ni jina refu ambalo hujawahi kulisikia. Faili za .dll ni maktaba, yaani vipande vya msimbo ambavyo programu huviazima ili zifanye kazi. Ujumbe wenyewe una sentensi mbili. Ya kwanza inataja faili iliyokosekana. Ya pili inasema kwamba kusakinisha programu upya huenda kukaondoa tatizo. Jibu liko kwenye hiyo ya pili, na hiyo ndiyo isiyosomwa. Macho yanaganda kwenye lile jina, mtu analinakili, analitafuta mtandaoni, na tovuti ya kwanza kujitokeza ina kitufe kikubwa cha kupakua.

Kwa maoni yangu, tovuti zinazogawa DLL mojamoja kama karanga hazina kazi yoyote ya halali iliyobaki. DLL ikikosekana, maana yake usakinishaji una kasoro, na kasoro ya usakinishaji hutibiwa kwa kusakinisha. Hilo ni kweli kwa programu yoyote, ila kwa zana za kusasisha programu dhibiti za vifaa (firmware, ile inayokaa ndani ya kifaa na kukiendesha) naona halina mjadala kabisa, na nitaeleza kwa nini.

Kwanza, wengi hawaichukulii DLL kuwa ni programu. Mtu asiyethubutu kuendesha .exe ya tovuti asiyoijua atapokea .dll ya tovuti hiyohiyo bila wasiwasi, kwa kuwa ukiibofya mara mbili haifunguki. Lakini ifungue kwa kihariri cha maandishi uone: herufi mbili za mwanzo ni MZ, ambazo ni za jina la Mark Zbikowski, mhandisi wa Microsoft, na ndizo hizohizo zinazoanza kila .exe. Muundo ni mmoja. Na DLL nyingi zina sehemu iitwayo DllMain, ambayo Windows huiita pale tu maktaba inapopakiwa kwenye kumbukumbu, kabla programu haijaiomba kazi yoyote. Sasa zana ya kusasisha programu dhibiti kwa kawaida huomba haki za msimamizi. Ina maana ile faili ya kuokota itaanza kazi ikiwa na haki hizo zote, na aliyebofya "Ndiyo" ni wewe mwenyewe.

Chukua adb na fastboot, zana za Android ambazo wengi huzitumia kuweka programu dhibiti kwenye simu. Ndani ya folda yake, kando ya adb.exe na fastboot.exe, kuna AdbWinApi.dll na AdbWinUsbApi.dll. Mtu anainakili fastboot.exe peke yake hadi kwenye eneo-kazi ili iwe karibu, anaiendesha, na papo hapo anaambiwa AdbWinApi.dll haipo. Ipo! Imebaki kwenye folda ilikotoka. Windows ikitafuta maktaba huanzia kwenye folda ya programu yenyewe, ndipo inakwenda System32, kisha folda ya Windows, halafu folda ya sasa na zile zilizotajwa kwenye PATH, orodha ya folda ambayo Windows huitunza. Kwa hiyo kuiendesha fastboot.exe kutoka kwenye folda yake kunatosha. Ushauri uliozagaa ni mwingine: pakua AdbWinApi.dll, itupe System32.

Na hapo System32 yenyewe ina vituko vyake. Kwenye Windows ya biti 64, folda ya System32 ndiyo yenye maktaba za biti 64, na SysWOW64 ndiyo yenye za biti 32. Ndiyo, umesoma sawasawa. Iliachwa hivyo kwa ajili ya programu nyingi ambazo jina la System32 lilikuwa limeshaandikwa ndani yake. Matokeo yake, programu ya biti 32 ikiomba kitu System32, Windows inaielekeza kimyakimya SysWOW64. Unaweza kuiona faili kwa macho yako mawili ndani ya System32, na programu ikashikilia kwamba haipo. Ukiiweka ya biti zisizolingana kando ya programu, unapata hitilafu ya 0xc000007b, namba isiyomwambia mtu wa kawaida lolote. Baada ya hapo ndipo mshauri wako anapoleta regsvr32, amri inayofaa tu kwa maktaba zilizotengenezwa ili zisajiliwe. MSVCP140 si mojawapo, na amri itakujibu hivyo.

Tabia hii ya kubandika DLL kwa mkono ni urithi wa miaka ya 1990, wakati kisakinishi cha programu moja kiliweza kufuta maktaba mpya ya pamoja na kuweka ya zamani, na programu nyingine tatu zikafa siku hiyo. Windows 2000 ilikuja na ulinzi wa faili za mfumo, na Windows XP ya 2001 ikaleta folda ya WinSxS ili matoleo tofauti ya maktaba moja yakae pamoja bila kugombana. Leo DLL ya Windows ikiharibika kuna amri za sfc na DISM za kuirudisha. Familia ya MSVCP140 huja na kifurushi cha Visual C++ cha Microsoft, bila malipo. Kwenye mashine ya biti 64 sakinisha cha x86 na cha x64, vyote viwili. Zilizobaki huja na programu yenyewe.

Nirudi kwenye programu dhibiti. Kumbukumbu ya flashi, ambamo programu dhibiti hukaa, haiandikwi juu ya kilichokuwepo. Lazima eneo zima lifutwe kwanza, ndipo liandikwe upya. Katika muda huo mfupi kifaa hakina programu dhibiti kamili. Baiti zinazoingia hupitia maktaba kama winusb.dll, libusb-1.0.dll au ftd2xx.dll, kutegemea chipu iliyomo, na zana hujua kazi inavyokwenda kwa majibu ya maktaba hiyo tu. Ukiweka toleo lisilolingana, zana yaweza kugoma kuanza, na hapo umebahatika. Kibaya zaidi ni ianze, kisha ikwame baada ya kufuta na kabla ya kuandika. Kifaa kilichoundwa kwa uangalifu kina nafasi ya pili yenye nakala nzima, au kianzishi, ile programu ndogo inayokiwasha, kilichofungwa kisiguswe na sasisho. Kisicho na hivyo kinabaki na taa moja isiyozimika.

Kama unadhani maktaba ya katikati ni mpitisho tu usio na madhara, soma habari za Stuxnet, kirusi kilichogunduliwa mwaka 2010. Kompyuta zilizokuwa na programu ya Step 7 ya Siemens ziliwasiliana na vidhibiti vya mitambo kupitia s7otbxdx.dll. Stuxnet iliibadilisha jina faili hiyo ikawa s7otbxsx.dll, ikaweka ya kwake mahali pake. Maombi mengi iliyaacha yapite hadi kwenye ile halisi, kwa hiyo kila kitu kilionekana kiko sawa. Machache iliyoyataka iliyachezea. Mhandisi aliyesoma msimbo wa kidhibiti hakuuona ule ulioongezwa, kwa sababu maktaba iliyomletea msimbo ndiyo hiyohiyo iliyouficha.

Kuna watakaoniambia: basi tazama saini ya kidijitali, ile inayothibitisha faili imetoka kwa nani, yatosha. Itazame, ndiyo. Bofya faili kwa kitufe cha kulia, fungua Sifa, au tumia Get-AuthenticodeSignature ndani ya PowerShell. DLL inayodai kutoka kwa kampuni kubwa huku haina saini ifutwe bila huruma. Lakini saini ina mipaka yake. Mwaka 2019 iligundulika kwamba zana ya ASUS Live Update ilikuwa imetumika kusambaza msimbo wa wadukuzi ukiwa na saini halali ya kampuni. Desemba 2020 ikawa zamu ya SolarWinds, kampuni ya programu za kusimamia mitandao: faili iliyochafuliwa ilikuwa SolarWinds.Orion.Core.BusinessLayer.dll, nayo ilisainiwa na wenyewe na kusambazwa kwa sasisho rasmi. Machi 2023, ffmpeg.dll iliyochafuliwa ikapatikana ndani ya kisakinishi rasmi cha 3CX, programu ya kupiga simu kwa intaneti. Nimesikia watu wakitumia visa hivi kutetea tovuti za DLL, kwamba kama njia rasmi nayo huchafuliwa kuna tofauti gani. Tofauti ni kwamba visa vile viligunduliwa, kampuni zikatoa matamko na matoleo safi, na antivirusi zikajua cha kutafuta. DLL uliyoiokota kwenye tovuti ya matangazo hakuna anayeifuatilia.

Watumiaji nimewasema, ila mzigo mkubwa naubwaga kwa watengenezaji. Nina kifaa ambacho maelekezo yake ya kusasisha, kutoka kwa mtengenezaji mwenyewe, yanataka uzime antivirusi, utoe zana kwenye faili ya zipu, uiendeshe kama msimamizi, na "ikilalamika kuhusu DLL" uitafute mtandaoni. Wameandika hivyo, kwa maandishi! Kisakinishi cha Visual C++ ni kidogo na kinaruhusiwa kusambazwa pamoja na programu. Hata kukiunganisha na zana yao kumewashinda. Na kwa kuwa zana ya zipu wengi huiendesha kutoka kwenye folda ya vipakuliwa, folda hiyo inakuwa ndiyo ya kwanza kutafutwa maktaba. Version.dll yoyote iliyowahi kudondoka humo bila wewe kujua inaweza kupakiwa badala ya ile ya Windows. Udhaifu wa aina hii Microsoft iliutolea tahadhari tangu 2010. Iundie zana folda yake tupu, uiendeshe humo.

Njia bora ipo, tena siku nyingi. Tangu Windows 8, programu dhibiti ya UEFI, ile inayoiwasha kompyuta, inaweza kuletwa na Windows Update kama kifurushi cha draiva: Windows inaikabidhi, kompyuta inawaka upya, na programu dhibiti iliyopo ndiyo inayokagua saini na kusimamia uandishi. Upande wa Linux kuna fwupd, zana ya kusasisha programu dhibiti, na hazina yake ya LVFS, ambako watengenezaji wengi huweka masasisho yao. Mtengenezaji anayetumia njia hizi hahitaji kuandika zana yake ya Windows, wala DLL yake, wala draiva yake. Sioni kwa nini kila chapa ya ubao mama bado inang'ang'ania programu yake yenye rangi za kumetameta na matangazo pembeni.

Tena zana hizo hazijui kuondoka. Mei 2021 ilitangazwa kwamba dbutil_2_3.sys, draiva iliyosambazwa na Dell kupitia zana za kusasisha programu dhibiti tangu 2009, ilikuwa na mianya ya kumpa mtumiaji wa kawaida mamlaka ya juu kabisa ya mfumo. Sasisho lilikuwa limeshakamilika zamani kwenye kompyuta nyingi kati ya hizo, draiva ilibaki. Mimi zana ya kusasisha ikimaliza kazi naiondoa, pamoja na huduma yake inayojiwasha kila Windows inapowaka. Programu dhibiti ya ruta au printa haibadiliki kila wiki, na likitoka toleo jipya, kisakinishi chake kitakuja na DLL zake.