Meneja wa mchekeshaji akae ukumbini

Siku hizi kijana akitrendi kwa klipu moja tu, kesho yake ana meneja. Namba ya simu inabandikwa kwenye ukurasa wake, na kazi ya meneja ni kutaja bei na kudai advansi. Sina ugomvi na advansi, kila mtu ale kazini kwake. Ila nauliza: alikuwa wapi kijana alipopanda steji, watu wakaendelea kuchezea simu zao?

Kwangu meneja ni Jack Rollins wa New York, aliyefariki mwaka 2015 akiwa na miaka 100. Yeye na mwenzake Charles Joffe walikuwa wakimsimamia mchekeshaji Woody Allen, ambaye hapo mwanzoni aliwaandikia wengine vichekesho na kulipwa vizuri tu. Wakamng'ang'ania apande steji mwenyewe. Kwa hesabu ya kamisheni, huo ulikuwa wazimu: unaacha hela iliyo mkononi, unakimbilia vilabu vya Greenwich Village, mtaa wa New York, vinavyolipa kiduchu. Na kijana mwenyewe mwoga! Mwaka 1960 alipoanza, alikuwa akitetemeka, anahangaika na waya wa maikrofoni, na zaidi ya mara moja alitaka kuacha. Wale wazee walikuwepo ukumbini, na shoo ikiisha wanakaa naye kuichambua mpaka usiku wa manane.

Kuna kisa kingine ambacho Billy Crystal, mchekeshaji mwingine wa Rollins, amekisimulia mwenyewe. Rollins alikwenda kumtazama, ukumbi ukavunjika mbavu. Crystal akasubiri sifa. Mzee akamwambia hakuridhika, kwa sababu hakuacha bakshishi mezani, yaani hakuacha kitu chake mwenyewe. Alikuwa anamwigiza Muhammad Ali vizuri sana, lakini Rollins alitaka kujua Crystal anawaza nini. Akamtaka arudi jukwaani aongee tu, asiogope watu wakinuna.

Ni meneja gani hapa kwetu atamwambia hivyo mtu wake, usiku ambao ukumbi mzima umecheka? Wachekeshaji wetu wanaoigiza lafudhi za makabila na sauti za wanasiasa ni wengi, na wanachekesha kweli. Ila ukitoka pale humjui hata mmoja.

Jambo moja la Rollins sishauri liigwe: alipenda kufanya kazi kwa kupeana mkono tu, bila karatasi. Mwimbaji Harry Belafonte alikuwa mtu wake wa mwanzo, akapata jina, akaondoka. Mkataba uandikwe, na asilimia ijulikane mapema, maana hapa wengi wamegombana kwa sababu ya kuaminiana kwa mdomo.

Lakini kabla ya kusaini, kijana amwulize huyo meneja ni kichekesho gani kilianguka kwenye shoo yake ya mwisho, na kilianguka kwa nini. Akijibiwa idadi ya wafuasi, kalamu ibaki mfukoni.