Usikimbilie kusema saini imeghushiwa

Mfanyabiashara akipokea samansi ya deni, kauli ya kwanza kwa wakili wake huwa ile ile: "Hizi karatasi wamezighushi." Naielewa. Umefanya biashara na mtu miaka, leo anakuburuza mahakamani na mafungu ya ankara ambazo nusu yake huzitambui. Lakini kwa maoni yangu kughushi ndiyo hoja ya mwisho kuandikwa kwenye utetezi, na wengi wanaoitanguliza huishia kujuta.

Kwenye kesi ya madai, anayedai ndiye anayethibitisha. Sheria ya Ushahidi ya Tanzania, Sura ya 6, iko wazi hapo. Muuzaji anayetaka milioni 60 za nondo na saruji aonyeshe kwamba uliagiza, mzigo ulifika, na bei mliyokubaliana ni hiyo. Wewe unaruhusiwa kabisa kumwambia: thibitisha. Ukishasema ameghushi, na wewe umekuwa na dai lako, tena zito. Tangu shauri la Ratilal Gordhanbhai Patel dhidi ya Lalji Makanji la mwaka 1957, mahakama zetu zinataka tuhuma za ulaghai kwenye madai zithibitishwe zaidi ya mizani ya kawaida ya upande upi unaelekea kuwa na ukweli, ingawa si hadi kiwango cha jinai. Mtaalamu wa maandishi asipokuunga mkono, hakimu atakuangalia kwa jicho jingine hata kwenye hoja zako za kweli.

Anza na karatasi zenyewe. Ankara ni karatasi ya muuzaji. Anaichapa mwenyewe ofisini kwake, na peke yake haisemi kama mzigo ulishuka kwako. Kinachosema ni delivari, yaani hati ya kupokelea mzigo. Omba kuona ya asili, si fotokopi, maana nakala haipokelewi bila sababu zinazotambuliwa na sheria. Kisha isome taratibu. Nani kasaini? Mtunza stoo wako, au utingo wa lori? Muhuri ni wenu kweli, au ni ule unaochongwa Kariakoo ukiwa unasubiri? Namba ya gari ipo? Angalia pia mfuatano wa kitabu. Delivari namba 412 ikiwa ya Machi na namba 409 ikiwa ya Mei, shahidi wao ana kazi ya kueleza akidodoswa, na wewe hujamtuhumu mtu yeyote. Tarehe ikiangukia Jumapili ambayo ghala lenu hufungwa, daftari la mlinzi linaongea kuliko wakili. Muulize pia muuzaji risiti ya EFD, ile ya mashine ya kielektroniki ya kodi, iko wapi.

Hili la kodi linakata pande zote mbili, na ndipo nilipoona utetezi mzuri ukizama. Kama uliingiza ankara hiyo hiyo kwenye ritani yako ya VAT, yaani taarifa unayoipeleka kwa mamlaka ya kodi, ukadai kodi ya manunuzi, huwezi kusimama kizimbani ukasema huijui. Vivyo hivyo na WhatsApp. Ujumbe wa "bosi nivumilie, mwezi ujao nakumalizia" unaweza kupokelewa kama ushahidi chini ya Sheria ya Miamala ya Kielektroniki ya 2015, na mpinzani wako hajaufuta. Mwonyeshe wakili wako simu yote, hata yale yanayokuaibisha.

Muda ni siku 21 tangu kupokea wito kuwasilisha majibu ya maandishi. Dai likiwa limetokana na hundi na limefunguliwa kwa utaratibu wa muhtasari, ule wa njia fupi, unahitaji kwanza ruhusa ya mahakama ili ujitetee, usizubae. Na majibu yenyewe yasiwe yale ya "mdaiwa anakanusha aya ya 3 hadi ya 9." Usilolikanusha bayana huhesabiwa umelikubali. Andika ankara moja moja: hii naikubali, hii mzigo haukufika, hii ulifika pungufu, hii bei si tuliyopatana.

Najua kukubali sehemu ya deni kunawachoma wengi. "Wakili, si ndiyo nimejifunga?" Kwa kiasi hicho, ndiyo, na muuzaji anaweza kuomba hukumu ya fungu hilo mapema. Lakini mdaiwa anayesema nadaiwa milioni 22 na hii hapa hesabu, anasikilizwa kuhusu zile 38 nyingine kuliko anayekana hata shilingi huku benki ikionyesha alikuwa analipa kwa awamu. Kama saruji ilikuja imeganda, sema pia lini ulilalamika na kwa njia gani. Ukikaa na mzigo kimya, sheria ya uuzaji wa bidhaa inakuhesabu umeupokea.

Kuna saini zilizoghushiwa kweli, sikatai. Ukiwa na hakika, na una sampuli za saini za tarehe zile zile, iseme kwa undani na uiombee mtaalamu mapema. Nisichokubali ni kuitupia kila karatasi tuhuma hiyo ili kununua muda.

Kabla ya kusikilizwa, shauri litapelekwa kwenye usuluhishi. Nenda na jedwali lako la ankara na yule mtunza stoo, hata kama ulishamwachisha kazi.