Waanglo-Saksoni mmewaonea
Jamani mwandishi wa makala hii umewaonea, eti Waanglo-Saksoni, wale watu wa kale wa Uingereza, walikuwa washenzi wa kupigana tu mpaka Wanormani kutoka Ufaransa walipokuja kuwateka 1066? Sawa, walitoka huko Ujerumani ya kaskazini na Denmark karne ya 5 na vita walipiga sana, ila angalia vitu vya Sutton Hoo, makaburi yao ya kale huko mashariki mwa Uingereza, vilivyofukuliwa 1939, mkubwa wao walimzika na meli nzima ya kama mita 27, kofia ya chuma yenye sura ya mtu, masahani ya fedha kutoka mpaka Bizanti (dola ya Kirumi ya mashariki), na ile bizimu ya dhahabu ya mkanda imenakshiwa nyoka waliosukana mpaka huoni kichwa kiko wapi. Halafu mfalme Alfred alishatafsiri vitabu vya Kilatini kwa lugha yao kabla ya mwaka 900. Irekebisheni hiyo aya bana.