Mto wa Mwenyekiti

Mfuko ulikuwa juu ya kabati, umefungwa mara mbili na kuandikwa kwa kalamu nene: USIFUNGUE, UNAWASHA. Ndani mlikuwa na viota vya Anaphe panda, nondo wa hariri ya mwituni, kutoka msitu wa Kakamega, magharibi mwa Kenya, kwenye mwinuko wa zaidi ya mita 1,500. Viwavi wake hutembea kwa msururu, hula majani ya mti wa Bridelia micrantha, kisha kundi zima linafuma kiota kimoja: nje ganda gumu kama karatasi, ndani vifukofuko vimebanana. Nondo wakishatoka, kiota kitupu ndicho huvunwa. Tatizo ni vinywele vya viwavi vinavyobaki humo. Ni vidogo mno, havionekani vilipo, na ukali wake hauishi eti kwa sababu wenyewe wamehama.

Mama mdogo, aliyekuja kwangu Tabata kwa kikao cha harusi ya binti yake, si mtu wa kusoma vibandiko. Aliona nyuzi laini za kahawia, akasema ni sufi. Nami nilikuwa Kariakoo kufuata magadi ya kuchemshia viota hivyo.

Alivichana viota vikavu, akajaza foronya, akashona mdomo. Yeye hakuwashwa hata kidogo, maana alikuwa katikati ya kusafisha choo: glavu za mpira hadi kiwiko, khanga imezungushwa kichwani na puani. Hivyo hasa ndivyo inavyotakiwa kuvaa, ila pia kiota hulowekwa kwanza ili vinywele visiruke, na hufunguliwa nje, pasipo na upepo. Mto ukaenda kwenye kiti cha mwenyekiti wa kamati, mzee anayesumbuliwa na mgongo.

Niliporudi kikao kilikuwa ajenda ya pili. Foronya ya pamba haizuii kitu. Kila mzee alipoegemea, mto ulipumua, na feni ya dari, iliyowekwa namba ya mwisho kwa ajili ya joto la Dar, ikagawa sawasawa kwa wajumbe wote.

"Ndugu wajumbe," mzee alisema, mkono uko shingoni, "kuhusu ukumbi wenye kiyoyozi..."

Mweka hazina alikuwa anajikuna kwa daftari la michango. Shangazi wa bwana harusi alijisugua mgongo kwenye fremu ya mlango, heshima zote kaziweka pembeni.

"Nani kamwaga upupu humu?" mzee akafoka. Upande wa bibi harusi ukautazama upande wa bwana harusi.

Nikazima feni kwanza. Watu wakapiga kelele kwa joto, lakini feni ikiendelea hakuna tiba. Kisha nikawaomba wasijikune, ombi ambalo lilipokelewa kwa matusi. Ukijikuna unavisukuma vinywele ndani ya ngozi na kuvivunja humo. Kinachosaidia ni selotepu: bandika, bandua, tupa kipande, chukua kingine. Ndipo maji baridi na sabuni, bila dodoki, na nguo zifuliwe peke yake. Macho yakiwasha, suuza kwa maji mengi safi, usifikiche. Akishindwa kupumua mtu, ni hospitali moja kwa moja. Kwetu, shukuru Mungu, ilikuwa vipele tu, na mwenyekiti wa kamati amesimama uani kifua wazi, anabanduliwa selotepu na katibu wake.

Mto wenyewe niliutumbukiza mzima kwenye ndoo ya maji. Kesho yake nikautumbua humohumo majini, nikatoa maganda ya mabuu na kinyesi cha viwavi, nikachemsha nyuzi kwa saa moja na magadi, gramu 5 kwa lita. Mama mdogo alileta sufuria yake ya pilau, nikaikataa. Magadi hula aluminiamu na kuiacha nyeusi. Tumia ya chuma cha pua. Ukizidisha magadi, hariri nayo inaoza, kwa kuwa ni protini. Suuza, tia siki kidogo, suuza tena. Hariri hii haivutwi uzi mmoja mrefu kama ile ya China, husokotwa kama pamba. Wayoruba wa Nigeria hufuma sanyan, kitambaa cha heshima, kwa hariri ya jamaa wa nondo huyuhuyu.

Jioni katibu akatuma muhtasari kwenye grupu la harusi. Ajenda ya pili: ukumbi wenye kiyoyozi, ule wa bei ya juu, umepitishwa. Wajumbe wote walinyoosha mikono, isipokuwa mama mzazi wa bibi harusi.

Simu ya mama mdogo ikaita hapohapo. "Mama," binti alikuwa analia, "kumbe wewe ndiye hutaki?"