Mbegu za Tanga zitoke, lakini zitoke na daftari

Mkonge unaotawala mashamba ya Guangxi na Guangdong, kusini mwa China, ulizaliwa Muheza. Ni chotara namba 11648, kazi ya watafiti wa kituo cha Mlingano, waliopandanisha mimea miwili ya jamii ya mkonge: Agave amaniensis, ambao jina lake limetokana na Amani yetu, ya milima ya Usambara Mashariki, na Agave angustifolia. Ulifika China miaka ya 1960, ukapendwa kwa sababu hutoa majani mengi mno kabla ya kuchanua, na mpaka leo wanaulima. Watu wanaopita kila siku barabara ya Muheza kwenda Tanga mjini, mkonge kulia na kushoto, wengi wao habari hii hawaijui. Nilipoijua nilikasirika. Kisha nikajiuliza nakasirikia nini hasa, maana mkonge wenyewe ulikuja Tanga ukiwa mgeni.

Ulikuja mwaka 1893. Dk. Richard Hindorf, Mjerumani, aliagiza miche 1,000 kutoka Florida, nayo asili yake ilikuwa rasi ya Yucatán, Mexico. Iliyofika hai ni 62 tu, ikapandwa Kikogwe, upande wa Pangani. Kutoka miche hiyo 62 Tanganyika ikawa mzalishaji mkubwa kuliko wote duniani, na kufikia mwanzo wa miaka ya 1960 ilikuwa ikitoa zaidi ya tani 200,000 kwa mwaka. Wakulima wa Yucatán, waliojua mkonge kwa karne nyingi kabla yetu, hawakuombwa ruhusa na hawakuonja hata senti. Kwa hiyo anayetaka kuzungumzia haki juu ya mbegu na vinasaba akiwa Tanga hana budi kukubali kwamba sisi tumechukuliwa na sisi tumefaidi vya watu. Nadhani ndiyo maana mkoa huu unafaa kuliko mingine kusema namna sheria inavyopaswa kuwa.

Chukua ua la Usambara. Mwaka 1892 Walter von Saint Paul-Illaire, mtawala wa Kijerumani wa wilaya hii, alilikuta porini akampelekea baba yake Ujerumani. Mwaka uliofuata mtaalamu wa mimea Hermann Wendland akaliandika rasmi kwa jina Saintpaulia ionantha. Leo limo madirishani kote Ulaya na Marekani, linauzwa kwenye vyungu kwa mamilioni, na limezalishwa kwa rangi ambazo msituni hazipo. Huku kwetu jamii kadhaa za ua hilo ziko hatarini kwa sababu misitu inayozitunza inakatwa. Biashara hiyo, ya zaidi ya miaka 100, ilikua bila utaratibu wa kurudisha chochote kwenye vijiji vinavyoambiwa kila siku visikate miti. Mwanakijiji wa Usambara Mashariki anabeba gharama ya uhifadhi, na faida inahesabiwa kwingine.

Sasa chukua muhogo, na hapa nitakaa kidogo.

Katikati ya miaka ya 1930, kwenye kituo cha utafiti cha Amani, mtafiti H. H. Storey na mwenzake R. F. W. Nichols walikuwa wanahangaika na magonjwa mawili ambayo wakulima wetu wanayajua vizuri: batobato na michirizi kahawia. Ule wa michirizi Storey ndiye aliyeueleza kisayansi kwa mara ya kwanza, mwaka 1936, kutokana na kazi ya hapa. Wakaona mihogo ya kawaida haina kinga ya kutosha. Wakaenda kwa jamaa yake wa mbali, mti wa mpira wa Ceará kutoka Brazili, ambao Wajerumani walikuwa wameupanda kwa wingi huku chini wakitafuta mpira kabla bei haijaporomoka mwaka 1913. Wakapandanisha, wakarudisha chotara kwa muhogo, wakachagua, wakarudia tena. Ni mti uleule unaotupa kisamvu cha mpira, na kila mpishi wa pwani anaujua.

Katika miaka ya 1950 mbegu za kizazi hicho cha Amani zilifika Ibadan, Nigeria. Humo kikachaguliwa kipando kilichopewa namba 58308. IITA, taasisi ya kimataifa ya utafiti wa kilimo iliyoko hukohuko Ibadan, ilipoanza kazi ya mihogo miaka ya 1970 ilikitumia kama mzazi wa kuleta kinga dhidi ya batobato, na kutoka hapo zikazaliwa aina za mihogo zinazoitwa TMS, zilizoenea sehemu nyingi za Afrika. Batobato kali ilipoifagia mihogo ya Uganda miaka ya 1990, aina za kwanza zilizowarudishia watu chakula zilikuwa za ukoo huo. Nigeria inaongoza dunia kwa mihogo, na damu ya Amani imo humo.

Hili linanifurahisha, na sitaki sheria yoyote ambayo ingelizuia. Nawasikia wenzangu wakisema tufunge milango, mbegu zetu zisitoke tena. Tungefunga miaka ile ya 1950, watu wangekufa njaa mahali fulani, na sisi tusingepata kitu. Tena magonjwa hayafungiwi mlango. Siku michirizi mipya ikija, dawa yake huenda iko kwenye shamba la mtu wa Nampula, Msumbiji, au wa Bahia, Brazili. Nchi inayonyima itanyimwa.

Kinachonichoma ni kwamba mkondo wote ule ulipita bila kumbukumbu ya wakulima. Namba 58308 imo vitabuni. Jina la Storey limo. Wenye mashamba ya Bonde na Handeni, waliokuwa wameilima na kuichagua mihogo ya asili tangu enzi za babu zao kabla kituo hakijajengwa, hawamo popote. Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari, na hiyo ndiyo iliyotupata.

Mtu akidhani haya ni mambo ya wakoloni tu, nimpeleke kwa shangazi yangu, Muheza. Mihogo yake ni Kibandameno na aina nyingine mbili, na kunde za mbegu anazianika juu ya jiko zipate moshi, wadudu wasizitoboe. Anapochagua mbegu ya muhogo hatazami majani peke yake, kwa sababu anajua shina linaweza kuwa na majani mazuri na muhogo wake ukawa umeoza ndani. Kwa hiyo anang'oa, anaupasua muhogo kwa panga mbele yako, na akiona doa kavu la kahawia shina zima linakwenda motoni. Likiwa safi anakata pingili za katikati, kwa kuwa za juu ni laini hukauka na za chini zimekomaa mno huchelewa kuchipua. Anazifunga mafungu, anaziegemeza chini ya mwembe, na majirani huja kuomba. Hiyo ni kazi ya utafiti. Inafanyika kila msimu, haina bajeti.

Miaka kadhaa iliyopita walifika kwake watu wa mradi, na gari, wakiongozana na mwenyekiti wa kitongoji. Wakachukua pingili na kunde, wakamuuliza maswali mengi kuhusu ipi huvumilia jua, ipi huiva mapema, ipi haishikwi na wadudu. Baadaye nilimuuliza.

"Shikamoo shangazi. Wale wageni walikuachia karatasi gani?"

"Marahaba mwanangu. Niliandika jina nikapewa soda. Wakasema watarudi."

Hawajarudi. Sina ushahidi kwamba walifanya ubaya. Huenda mbegu zake zimehifadhiwa vizuri mahali. Lakini shangazi hajui ziko wapi, hajui zinaitwaje sasa, na mwenyekiti naye hana hata nakala ya barua. Hapo ndipo hoja ya mgawanyo wa manufaa inapofia, kabla haijafika kwa mwanasheria yeyote.

Sheria za juu zipo. Mkataba wa Bayoanuwai wa 1992 ulisema rasilimali za kijenetiki, yaani mbegu na vinasaba vyake, ziko chini ya mamlaka ya nchi zilimo. Itifaki ya Nagoya, iliyopitishwa 2010 na kuanza kutumika 2014, ikafafanua kwamba anayechukua apate ridhaa kwanza na akubaliane na mwenyeji masharti ya kugawana. Kwa mazao ya chakula kuna mkataba mwingine wa 2001, wa FAO, shirika la chakula na kilimo la Umoja wa Mataifa, ambao Tanzania ni mwanachama wake. Huo umeweka mazao 64, malisho ya mifugo yakiwemo, kwenye fungu la pamoja ambalo kila mwanachama anachota kwa mkataba mmoja wa kawaida. Muhogo umo, mpunga umo, mahindi, kunde, ndizi na minazi vimo. Mkonge haumo, wala iliki na pilipili manga za Amani, wala kahawa. Kwa hiyo mgeni mmoja akisimama kwenye shamba moja la Muheza, anaweza kuwa chini ya sheria mbili tofauti, kutegemea anainamia mmea gani. Afisa kilimo wa kata nani kamfundisha hayo?

Hata kwenye fungu hilo la pamoja, fedha hazina njia ya kufika kijijini. Kampuni inayotengeneza mbegu mpya kutokana na fungu hilo na kuwazuia wengine wasiitumie kwa utafiti inatakiwa kulipa asilimia 0.77 ya mauzo. Ikiiacha wazi, malipo ni ya hiari. Na kinacholipwa kinaingia kwenye mfuko wa pamoja unaosimamiwa Roma, kisha kugawiwa kwa miradi. Malipo hayo yamekuwa kidogo kuliko yalivyotarajiwa. Nami siamini kwamba mkataba mzuri wa nchi kwa kampuni peke yake unatosha: Ethiopia ilisaini na kampuni ya Uholanzi mwaka 2005 juu ya nafaka yao ya teff, mkataba uliosifiwa kama mfano, na ilichoambulia ni euro 4,000 hivi kabla kampuni haijafilisika, huku hataza ya teff, yaani haki ya uvumbuzi, ikibaki mikononi mwa wengine mpaka mahakama ya The Hague ilipoibatilisha.

Wakati huohuo sheria zetu za ndani zimekuwa na haraka kwa upande mmoja. Sheria ya Haki za Wagunduzi wa Mbegu za Mimea ni ya 2012, na 2015 tukajiunga na UPOV, umoja wa kimataifa unaolinda wazalishaji wa aina mpya. Mzalishaji anastahili ulinzi, silikatai hilo. Kuzalisha aina mpya ni miaka mingi ya jasho. Lakini Ibara ya 9 ya mkataba uleule wa FAO inataja haki za wakulima: kulindiwa maarifa yao, kushiriki katika manufaa, kushiriki katika maamuzi. Haki ya mzalishaji ina sheria, msajili na adhabu. Haki ya shangazi imebaki sentensi katika mkataba. Mbegu ambayo amechagua kwa ustadi ule, akitaka kuiuza sokoni kama mbegu, inabidi apitie utaratibu wa mbegu za kuazimiwa ubora na ukaguzi wa TOSCI, taasisi ya serikali ya kudhibiti ubora wa mbegu, na aina zake za asili hazina hata jina kwenye orodha ya kusajiliwa.

Na mlango mpya umeshafunguka. Siku hizi si lazima mtu abebe pingili. Anasoma vinasaba, anaviweka kwenye kompyuta, na maabara iliyo bara jingine inafanya kazi bila kugusa udongo wa Muheza. Mkutano wa bayoanuwai wa Cali, Colombia, ulikubaliana juu ya mfuko wa kugawana manufaa ya taarifa hizo za kidijitali, na Februari 2025 mfuko ukazinduliwa: kampuni kubwa zinazozitumia zinaombwa kuchangia asilimia 1 ya faida au 0.1 ya mapato, na angalau nusu iende kwa watu wa asili na jamii za wenyeji. Zinaombwa, hazilazimishwi. Hata zikitoa, fedha zitatafuta jamii zenye kumbukumbu. Kijiji kisichoweza kuonyesha kwamba mbegu fulani ilitoka kwake, mwaka fulani, mikononi mwa fulani, kitasimama foleni na mikono mitupu.

Ndiyo maana naona kanuni ya maana kuliko zote ni ile ya kijijini. Watafiti wetu wananiambia watazidiwa na vibali. Tayari mgeni anahitaji kibali cha COSTECH, tume ya taifa ya sayansi na teknolojia, na barua za mkoa, wilaya na kata. Nawaelewa. Sitaki kibali kingine. Nataka ukurasa mmoja, uandikwe shambani kabla mbegu haijaingia kwenye mfuko: mmea na jina lake la hapa, kijiji, aliyeutunza, alichoeleza juu yake, unapelekwa wapi, na nini kitarudi na lini. Nakala moja kwa mkulima, moja kwa mtendaji wa kijiji, moja ifuatane na mbegu mpaka benki ya nasaba kule Arusha na popote itakapokwenda baadaye. Kinachorudi si lazima kiwe fedha. Mihogo iliyosafishwa virusi irudishwe kwa aliyeitoa. Matokeo yasomwe kwenye mkutano kwa Kiswahili. Aina ya asili iandikishwe kwa jina la kijiji, ili asitokee mtu kudai kaivumbua.

Hili halihitaji kusubiri Bunge. Serikali ya kijiji ina mamlaka ya kutunga sheria ndogo, na zikipitishwa na mkutano mkuu na kuidhinishwa na halmashauri ya wilaya zinakuwa sheria kamili. Mkutano mkuu wa kijiji unatakiwa kukaa kila miezi mitatu. Rasimu nimeshaiandika na mtendaji wetu anayo. Amesema ataiweka kwenye ajenda ya mkutano ujao. Kifungu kinachobishaniwa mpaka sasa ni muda wa kurudisha majibu. Yeye anasema miaka mitatu. Shangazi anasema misimu miwili, maana baada ya hapo atakuwa ameshasahau alichowaambia, na mimi nitapiga kura upande wake.